Maneno Mawili Yaliyotutenganisha Pho-thau

Pho-thau, 9 Machi 1981

Mdogo wangu Beng-chuan,

Sisi wazima. Kama nawe u mzima, soma barua hii polepole, maana nimeiandika polepole. Kama unaumwa, iweke mpaka upone, kwa sababu ina jambo la kukukasirisha.

Mjukuu wangu ameota meno na tayari ameshamng'ata katibu wa kijiji. Mwanangu A-bin bado yuko kiwanda cha chai. Mkewe anakohoa akinisikia nikija na ananyamaza nikiondoka, kwa hiyo nadhani mapafu yake ni mazima. Kopo la mafuta ya nguruwe ulilotuma lilifika limebonyea, mafuta yenyewe salama. Kile kitambaa cha bluu nimemshonea A-bin suruali. Aliivaa siku ya kwanza akalalamika kwamba inamfanya aonekane mtu wa ng'ambo. Tangu hapo haivui.

Sasa sikiliza. Tumeruhusiwa kukusanyika. Si kanisani, maana kanisa bado ni karakana ya vikapu vya chai, lakini majumbani hakuna anayetusumbua. Wengine wanakuja kwangu, chumba cha juu. Wengine wanakwenda kwa Lau Hok-tin, pale kisimani. Vitabu vyetu vyote vilichomwa mwaka ule wa Mapinduzi ya Utamaduni, kwa hiyo tunasali kwa kukumbuka. Kila mtu analeta kilichobaki kichwani mwake, kama watu wanaochangia chakula cha sherehe. Mwingine ana nusu ya zaburi, mwingine ana ubeti wa wimbo bila kiitikio.

Kanuni ya Imani tulidhani tunayo nzima. Halafu mwezi uliopita akafa mama Kho, na kwa kuwa alikuwa na watoto huku na huku, makundi yote mawili tulisimama kwenye kaburi moja. Tukaanza kukiri imani kwa pamoja, vizuri kabisa. Tulipofika "akafa, akazikwa," sisi tukaenda moja kwa moja "siku ya tatu akafufuka." Wao wakasema "akashuka kuzimu." Kwa hiyo sisi tulikuwa tumeshafufuka, wao bado wako kuzimu. Hatukukutana tena mpaka amina. Watoto wa marehemu walitazama chini. Wapagani waliokuja kwa ajili ya chakula walidhani ndivyo tunavyofanya siku zote.

Khe-un alikuwa mchungaji hapa miaka yote ile na hakutufundisha maneno hayo. Mimi nilikuwa mkewe, ningeyasikia. Ninyi mna vitabu huko Pinang, na mchungaji aliyesoma. Mwulize: maneno hayo yamo au hayamo? Nijibu upesi. Nataka jibu la karatasi, nimpelekee huyo mtu wa kisimani.

Dada yako,
Siok-hun


Pinang, 20 Mei 1981

Dada yangu mkubwa,

Barua yako imefika, imefunguliwa na kugundishwa tena kwa ustadi, kwa hiyo kuna mtu mwingine anayejua kwamba katibu wa kijiji aling'atwa.

Mimi sina ugonjwa wa kutaja. Naendelea kuchonga ndara za mbao. Wanunuzi ni wazee wenye bafu za utelezi, na watalii wanaozitundika ukutani. Plastiki imetumaliza. Watoto wako Kuala Lumpur. Hawaandiki, wanapiga simu kwa muuza kahawa wa jirani, naye ananieleza walichosema akiongeza na mawaidha yake. Nimekutumia sindano za cherehani na dawa ya kuchua. Ya kuchua ni kwako, usimpe mkwe.

Kuhusu mchungaji: ana shughuli nyingi sana mwaka huu. Nitamwuliza akipata nafasi.

Lakini Dada, kwa maoni yangu, ni maneno mawili tu. Mimi nikikosea kipimo kwa kiasi hicho napiga msasa, mteja anavaa na anatembea. Nikikumbuka utoto wetu, mama alikuwa akiikiri kanuni hiyo nami nimesimama nyuma yake nikiwaza chakula cha mchana, na sijui kama tulipita kuzimu au hatukupita. Si mkutane tu?

Na huyo mtu wa kisimani, si ndiye Hok-tin aliyekuwa akiongoza nyimbo? Yule mwenye sauti ya kengele, aliyekuwa akila kwenu kila Jumapili, Khe-un akimwita ndugu? Mna nini ninyi?

Mdogo wako,
Beng-chuan


Pho-thau, 2 Julai 1981

Beng-chuan,

Tu wazima. Mvua imeharibu maharage. Sindano zimefika; ya kuchua imefika pia na mkwe ameshaiona.

Nilikuomba umwulize mchungaji. Sikuomba maoni ya fundi ndara. Huyo mchungaji wako mwenye shughuli nyingi, je, Jumapili hasimami mlangoni kupeana mikono? Mkono mmoja, swali moja.

Sasa jambo limekuwa kubwa. Karakana ya vikapu inahamia karibu na barabara, na jengo letu litabaki tupu. Alikuja ofisa kutoka wilayani, Ui, kijana mwenye miwani na tumbo linalomsumbua. Alituita wote mle ndani, tukakaa juu ya vikapu, sisi upande wa dirisha, wao upande wa mlango.

Akauliza, "Wangapi hapa ni Wakristo?"

Tukanyoosha mikono wote.

"Vizuri. Basi ninyi ni kundi moja."

"Hapana," tukasema. Lilikuwa neno la kwanza mwaka huu kulisema pamoja.

Akavua miwani. "Tofauti yenu ni nini?"

Kila mtu akatazama kikapu chake. Mwishowe Hok-tin akasema, "Maneno mawili. Akashuka kuzimu."

"Nani?"

"Yesu."

"Na hawa wengine wanasema alikwenda wapi?"

"Sisi hatusemi," nikamjibu. "Sisi tunapita."

Ofisa Ui akaandika, akafuta, akatazama fomu yake mbele na nyuma. "Wazee wangu, hapa sina mahali pa kuandika jambo hili. Serikali inarudisha jengo moja kwa kamati moja. Nileteeni ombi moja, lenye sahihi ya mama huyu na ya mzee huyu, kabla ya Mwaka Mpya wetu, ule wa kalenda ya mwezi. Msipoleta, jengo linakuwa kituo cha kuzalisha nguruwe. Wenye nguruwe wameshaleta ombi lao, na wao wako pamoja."

Shangazi A-ki wa kundi letu akacheka, kisha akaanza kulia. Babu yake ndiye aliyebeba mawe ya msingi wa jengo lile.

Uliuliza kama ni Hok-tin yule. Ndiyo, ni yule. Meno yamepungua, sauti haijapungua.

Mwulize mchungaji.

Siok-hun


Pinang, 11 Oktoba 1981

Dada,

Nimechelewa kujibu. Sikuwa mgonjwa.

Bi Gan wa hapa kwetu amerudi kutoka huko. Serikali yetu ilimpa kibali kwa sababu ya umri wake. Mimi wameniambia sijazeeka vya kutosha, nami nimewaonyesha magoti yangu bila mafanikio. Aliniletea chai yako na ile picha ya mjukuu. Ana sura ya baba yetu, maskini.

Bi Gan alikaa dukani kwangu mchana kutwa. Anasema ulimpikia tambi na mayai mawili, na kwamba mlizungumza mengi lakini hukumgusia mumeo hata kidogo. Aliyemweleza ni jirani yako, wakiwa wanafua.

Dada, mwaka juzi, katika barua ya kwanza baada ya ukimya wa miaka yote ile, uliniandikia mstari mmoja: "Khe-un alifariki shambani kwa ugonjwa." Nikadhani ni shamba lenu la viazi. Nimekuwa nikifikiri hivyo hadi wiki iliyopita. Nilikuwa nikimwona kichwani ameanguka pale karibu na mfereji, wewe ukimkimbilia.

Anasema halikuwa shamba lenu. Anasema ilikuwa kambi ya kazi, kaskazini huko, na kwamba aliyesimama jukwaani mbele ya kijiji kizima kumshtaki alikuwa Hok-tin. Yule yule aliyekula meza yako.

Kama ni kweli, usitie sahihi. Waache nguruwe wachukue. Sitaki kusikia habari ya kuzimu wala ya msasa. Nasikitika niliandika yale niliyoandika kuhusu kupiga msasa.

Nijibu.

Beng-chuan


Pho-thau, 15 Novemba 1981

Mdogo wangu,

Tumevuna viazi vitamu. Mjukuu anatembea, kwa hiyo hakuna kitu kilichobaki mahali pake. A-bin ana jipu shingoni, linaiva.

Bi Gan anapenda kuzungumza. Alinieleza na yako. Alisema hajakuona kanisani tangu siku mlipomzika Gaik-im, na kwamba kwa muda alidhani umehamia Ipoh au umekufa. Nikamwambia kama amekufa basi anaandika vizuri. Sasa niambie, ni mchungaji yupi huyo mwenye shughuli nyingi?

Sikuulizi zaidi. Mke akifa mtu hufanya anavyoweza. Ila usinidanganye katika mambo ya karatasi, maana karatasi zenyewe zinatoka mbali.

Kuhusu Khe-un. Ni kweli. Walimpandisha Hok-tin jukwaani, kwenye uwanja wa kupuria mpunga, wakamtaka aseme kwamba Khe-un anapokea amri kutoka kwa wageni. Mwana wa kwanza wa Hok-tin walikuwa wamemfungia ghalani tangu juzi yake. Alisema. Alisema kwa ile sauti yake, hata waliokuwa ng'ambo ya mfereji walisikia. Khe-un alikuwa amepiga magoti, ana ubao wa mashtaka shingoni, akamtazama tu kama mtu anayejaribu kukumbuka wimbo. Wakampeleka kaskazini. Niliomba kibali cha kumwona, wakaninyima; nikaomba tena, wakaniambia nikiomba tena A-bin atatolewa shule. Mwaka wa tano ikaja taarifa ya kifo. Ugonjwa, ilisema. Nilikuandikia ilivyosema.

Mtoto wa Hok-tin alitoka ghalani siku ile ile. Siku hizi anaendesha trekta. Ananisalimia.

Sikukuandikia haya kwa sababu ukishayaandika inabidi uandike na unachojisikia, nami sina maneno ya hilo.

Wiki iliyopita nilikwenda kisimani. Miaka yote hii sijaingia nyumba ile. Walionisukuma ni hawa wazee wa chumba changu cha juu. Magoti hayapandi ngazi tena, na wanataka kuzikwa wakitokea kanisani. Nikamkuta Hok-tin anamenya vitunguu saumu. Akasimama, vitunguu vikamwagika.

"Mama mchungaji," akasema.

"Sikuja kukaa. Nimekuja kwa ajili ya ombi la Ofisa Ui. Nitatia sahihi kama mtaacha yale maneno mawili. Khe-un hakuyafundisha."

"Kweli, hakuyafundisha. Mimi niliyasoma mjini Amoy, kwa wale wamisionari wengine, kabla sijaja hapa. Khe-un alijua. Alikuwa akinitania. Alisema, Hok-tin, wewe unachelewa kufufuka."

Hilo sikulijua. Nilikaa.

"Basi yaache," nikamwambia. "Ulinyamaza wakati ule wote ukila kwangu, utashindwa sasa?"

"Mama mchungaji, uenyekiti wa kamati uchukue. Funguo chukua. Ukitaka nikae nje mlangoni kila Jumapili, nitakaa, nitaleta kigoda changu. Maneno yale niachie."

"Kwa nini?"

Akaokota kitunguu kimoja, akakiweka mezani, akaokota kingine.

"Kama Yesu hakufika huko," akasema, "mimi atanipatia wapi?"

Mkewe alikuwa mlangoni. Akaingia ndani.

Nilirudi nyumbani nikapika viazi, vikaungua, A-bin akavila hivyo hivyo.

Unaniambia niwaachie nguruwe. Nimelifikiria. Lakini nguruwe hawakumkosea Khe-un wala hawakumpenda, na jengo lile alipaka chokaa kwa mikono yake. Sijui la kufanya. Mwaka Mpya haupo mbali.

Siok-hun


Pinang, 24 Desemba 1981

Dada yangu mkubwa,

Nilikwenda.

Nilikwenda siku ya kazi ili nisikutane na watu. Mchungaji ni mwingine kabisa, anaitwa Khaw, umri wa mwanangu. Alikuwa juu ya ngazi anafunga nyota ya Krismasi, akanituma nimshikie ngazi. Kwa hiyo swali lako liliulizwa kutoka chini kwenda juu.

Nikamwambia, "Dada yangu kijijini China anauliza, akashuka kuzimu, yamo au hayamo?"

"Yamo," akasema.

Nikafurahi kwamba nina jibu, ingawa nilijua halitakufurahisha.

"Na hayamo," akasema.

Nikaitikisa ngazi kidogo.

Akashuka. Akanieleza kwamba tangu zamani sana kuna makanisa yanayoyasema na makanisa yasiyoyasema. Wengine waliyaweka kitabuni, wengine wakayaacha, wengine wameyaandika pembeni kwa herufi ndogo. Kanisani kwake mwenyewe wako wazee wanaoyasema na vijana wasioyasema, na yeye huongeza sauti kidogo hapo ili isisikike fujo. Wote anawapa meza ya Bwana.

"Lakini kipi ni sahihi?" nikamwuliza. "Bila maneno hayo nyumba inasimama?"

"Inasimama. Inasimama juu ya Yeye aliyekufa na kufufuka. Hilo dada yako analisema?"

"Analisema mapema kuliko wenzake."

"Na hao wenzake?"

"Wanachelewa, lakini wanafika."

"Basi msingi ni mmoja," akasema. "Nani aliwagombanisha?"

Hapo nikamweleza. Sikukusudia. Nilimweleza ya uwanja wa kupuria mpunga, na ya vitunguu saumu, na alichosema yule mtu. Alikaa kwenye ngazi, kisha akasema hawezi kumwambia mjane afanye nini, na kwamba mtu yeyote anayeweza kumwambia yuko mbali naye sana au yuko salama sana. Nikamheshimu kwa hilo.

Nilipokuwa naondoka akanikabidhi keki ndogo na kadi ya kumkaribisha mgeni. Mimi, niliyechangia mabenchi yale. Niliila keki.

Kitabu sikutumii, kwa sababu sasa najua kwamba ningeweza kukutumia chenye maneno hayo au kisicho nayo, na bado hujaniambia unataka kipi.

Nilikuambia usitie sahihi. Lile nalifuta. Wala sikuambii utie. Kesho watu wanaimba pale. Muuza kahawa anasema nikavae shati jeupe, ameshalinyoosha, hata sijui nani alimwomba.

Mdogo wako,
Beng-chuan


Pho-thau, 18 Aprili 1982

Mdogo wangu,

Barua yako ilifika Januari, siku chache kabla ya Mwaka Mpya wetu, katikati ya kuchinja na kufagia. Jipu la A-bin lilipasuka lenyewe. Mkwe ana mimba na amenyang'anya ile ya kuchua moja kwa moja. Samahani kwa kukaa kimya, utaona kwa nini.

Niliisoma barua yako jikoni. Nilisoma "yamo na hayamo" nikataka kuitia motoni. Nilikuwa nimekaa mwaka mzima nikingoja ushindi, ukaniletea huo.

Lakini usiku na mchana nilikuwa nikiwaza lile shamba la kaskazini. Nimeliwaza miaka yote kama mahali ambapo hakuna mtu wa kwetu aliyeruhusiwa kufika. Mimi mwenyewe niliomba mara mbili. Na sasa mtu anataka kila Jumapili kusema kwamba yuko mmoja aliyefika chini zaidi kuliko huko, bila kibali cha mtu. Nikajiuliza, Siok-hun, hilo linakuuma wapi? Nikatafuta linapouma. Linauma kwa sababu anayelisema ni Hok-tin. Lingesemwa na mtu mwingine lingenifariji.

Basi nikavaa koti, nikaenda kisimani. Alikuwa uani anafunga kuku miguu.

Nikamwambia, "Utasema maneno yako. Mimi siyasemi, sikuyafundishwa, na mdomo wangu umezeeka. Ila tukifika hapo tutakungojeni. Mkimaliza, twende pamoja."

"Mtatungoja?"

"Si nimesema? Usivute sana. Una tabia ya kuvuta mwisho wa mstari."

Akafunga yule kuku mguu mmoja mara tatu. Kisha tukaenda kwa Ofisa Ui. Pale ofisini tuligombana nani atie sahihi kwanza, kila mmoja akimsukumia mwenzake, mpaka Ofisa Ui akasema tumbo linamuuma, akatushikisha kalamu yeye. Wenye nguruwe walipewa ghala la zamani la mbolea na hawakulalamika.

Kufagia jengo kulichukua muda. Vijiti vya mianzi vilikuwa vimejaa mpaka kwenye mabomba ya mvua. Chini ya rangi ya kijani tulikuta chokaa. Mtoto wa Hok-tin alileta benchi kwa trekta, yule wa ghalani. Nilimpa chai. Mikono yake inatetemeka kidogo akishika kikombe. Sikuwa nimewahi kuwa karibu naye kiasi cha kuona.

Jumapili iliyopita ilikuwa Pasaka, tukafungua. Watu walijaa hadi nje, Wakristo na wasio Wakristo, na Ofisa Ui alikaa benchi la nyuma kuhakikisha kwamba jengo linatumika kama lilivyoombwa. Sisi tulikaa upande wa dirisha na wao upande wa mlango, kwa mazoea, hakuna aliyetupanga. Kuimba kuliongozwa na Hok-tin. Vijana hawakujua kwamba mtu mzee anaweza kuwa na sauti ile.

Tukafika kwenye kukiri imani. Akateswa, akasulubiwa, akafa, akazikwa. Upande wangu tukafunga midomo. Wao wakasema yale mawili. Hakuvuta. Halafu tukavuta pumzi wote, nikamsikia shangazi A-ki pembeni yangu akivuta ya kwake, na siku ya tatu tukafufuka pamoja, Beng-chuan, madirisha yakatetemeka. Vumbi la vikapu likatuangukia.

Tukaendelea vizuri. Roho Mtakatifu, kanisa takatifu, ushirika wa watakatifu. Sasa pale kwenye ondoleo la dhambi, Hok-tin akanyamaza. Sauti kubwa kama ile ikikosekana watu wote wanasikia. Kundi lake likayumba, likanyamaza naye. La kwangu likanitazama mimi, likanyamaza. Nilimwona amesimama kule mbele, ameshika mgongo wa benchi, mdomo wazi, hakitoki kitu.

Tukangoja. Tulishazoea kungoja.

Hakusema.

Ofisa Ui, nyuma kule, akadhani tumesahau yanayofuata, akaanza kuwauliza majirani kwa kunong'ona kama kuna mtu mwenye kitabu.

Nikaona huyu mtu hawezi kuyasema hayo mbele yangu mpaka ayasikie kwangu. Nami sikuwa tayari. Nakuambia wewe kwa sababu ni ndugu yangu: sikuwa tayari hata kidogo, nilikuwa nimejiandaa kwa maneno mawili ya kuzimu, sikujiandaa kwa hayo. Nilimwona Khe-un na ule ubao. Nikasema, "Ondoleo la dhambi." Nilisema peke yangu, nikitazama mbele, na sauti yangu unaijua, ni ya kuitia bata.

Akayasema baada yangu. Polepole, kama mtoto anayefundishwa. Ndipo wote wakayasema, tukamaliza ufufuo wa mwili na uzima wa milele, amina.

Baada ya ibada hakunifuata, nami sikumfuata. Mkewe alileta bakuli la tambi mpaka mlangoni kwangu akaliweka chini. Nilikula. Zilikuwa na chumvi nyingi.

Usiniandikie kunisifu, na mwambie huyo Mchungaji Khaw asinitolee mfano mahubirini. Sijui kama nimesamehe. Nimesema tu. Jumapili hii nimesema tena, na safari hii alianza yeye. Ijayo nitasema tena, tuone.

Dada yako,
Siok-hun